Sauti ya Tatu ya Bwana Askwith

Louisville, Kentucky
8 Februari 2015

Kwa Baba mpendwa,

Salamu nyingi katika jina la Bwana wetu. Mimi ni mzima. Shangazi Spés naye ni mzima, ila goti lake la kushoto linamsumbua na baridi hii. Wewe na mdogo wangu Gracieuse mnaendeleaje? Nasikia theluji ya Buffalo imefika madirishani. Na mgongo wako, unavumilia yale masanduku ya kazini?

Jumapili iliyopita ulinikatia simu. Ulisema hutaki kusikia sauti yangu mpaka niache kazi ya teatre. Bon, sauti yangu haimo katika barua, kwa hiyo nakuandikia. Wewe mwenyewe ulitufundisha kwamba barua ya mtu lazima ijibiwe, hata kama ni ya adui.

Ulikata kabla sijakueleza kazi yenyewe. Kampuni yetu ina basi moja na lori moja. Inazunguka miji ikionyesha opera za kuchekesha, yaani michezo ambayo watu hawazungumzi bali wanaimba, na watazamaji wanacheka mpaka wanajifuta macho. Mimi ni fundi wa mavazi. Nashona yaliyopasuka, nafua, napiga pasi, na mchezo ukianza nasimama nyuma ya pazia kumbadilisha nguo mwimbaji mkuu. Ana sekunde arobaini tu za kuacha kuwa kapteni wa meli na kuwa mpishi. Vifungo vyote vya koti lake ni vya uongo, chini yake nimeshona utepe wa kunata. Cherehani niliyojifunza katika kambi ya wakimbizi ya Nakivale ndiyo iliyonitoa kwenye kazi ya ghala, Baba. Nilifikiri ungefurahi.

Mwimbaji huyo anaitwa Leonard Askwith. Ni Mwingereza, ana miaka hamsini na tisa, na anaimba tenor, ile sauti ya tatu ya kwaya yako. Katika mchezo ni kapteni wa miaka ishirini na mitano ambaye amempenda binti wa meya, na baba mtu hamtaki, donc anajifanya mpishi ili aingie nyumbani. Ukimwona kwenye chumba cha kuvalia ni mzee, miwani puani, miguu ndani ya beseni la maji ya moto. Akipita pazia ni kijana. Nimesimama hatua tatu kutoka kwake kwa wiki tano, na bado sijaona anapobadilikia.

Nilikulia chini ya meza yako ya kwaya pale Bukavu, na sauti nzuri naijua. Hii ni sauti ambayo ungeinyamazisha kwaya nzima ili uisikilize.

Nakuomba kitu kimoja. Tarehe 25 Aprili tutafika Buffalo, ndio mwisho wa safari yetu. Njoo uone mikono yangu inafanya nini. Ukishaona kwa macho yako, ukisema niache, nitaacha siku hiyohiyo. Lakini usinihukumu kwa simu.

Binti yako,
Chimène


Buffalo, New York
21 Februari 2015

Kwa Chimène,

Salamu. Sisi ni wazima, Mungu asifiwe. Bomba la jikoni liliganda siku mbili, nikalipasha joto kwa mashine ya Gracieuse ya kukaushia nywele. Gracieuse yupo. Nikimsalimia kwa Kiswahili ananijibu "I'm good", halafu anafunga mlango. Mgongo ni uleule.

Nakujibu kwa sababu barua hujibiwa, si kwa sababu nyingine.

Jumapili, baada ya ibada, shemasi Murhula alinisimamisha mbele ya watu. Akaniambia, "Papa Chimène, tunasikia mutoto yako anavalishaka bazungu kule ku teatre. Ni kweli ao ni bongo, uwongo tu?" Nilimwambia kwamba wewe ni fundi cherehani. Akasema, "Fundi cherehani wa suruali gani, ile mutu anavaa ao ile anavua?" Watu walicheka. Nilitoka bila koti, na nje ilikuwa baridi ya kuua.

Nilifundisha kwaya miaka kumi na tisa. Nilipanga sauti nne katika kanisa ambalo mvua ilikuwa inanyesha ndani. Hakuna binti wa kwaya yangu aliyewahi kumfunga mkanda mwanamume asiye mume wake. Sasa wa kwanza awe wangu, na mwanamume mwenyewe awe wa umri wangu? Unaniambia ana sauti nzuri. Nimewaona watu wengi wenye sauti nzuri ambao singewaachia kuku wangu.

Nina swali moja, na usidhani nimekubali lolote. Huyo mtu anavuta pumzi wapi, kifuani au tumboni? Kwa umri ule, kama anavuta kifuani, hatafika Aprili.

Baba yako


Louisville, Kentucky
7 Machi 2015

Kwa Baba mpendwa,

Salamu nyingi. Asante kwa kunijibu, barua yako nimeiweka ndani ya Biblia. Sisi ni wazima. Theluji ilianguka juzi mpaka magari yakapotea, na mji wa Louisville haujui theluji kama Buffalo, kila kitu kilisimama. Bomba la jikoni sasa liko salama?

Anavuta tumboni, Baba. Nilimuuliza kwa niaba yako. Alicheka, akauchukua mkono wangu akauweka kwenye mbavu zake za nyuma, juu ya koti (juu ya koti, nasema), akaimba mstari mmoja mrefu bila kupumua. Mbavu zilifunguka polepole zikakaa hapohapo. Akasema, "Mwambie baba yako kwamba kifua ni cha wanaotaka kupigwa picha." Kisha akaniuliza wewe ni nani hata ukaulize swali kama hilo. Nikamweleza. Tangu siku ile kila jioni ananiuliza habari zako.

Nami nimemuuliza zake, nikazipata kidogokidogo huku nikimpigia pasi. Alizaliwa Grimsby, mji wa wavuvi huko Uingereza. Baba yake alikuwa anapakia barafu kwenye meli za samaki. Aliimba kanisani tangu ana miaka saba, kanisa dogo la Kiprotestanti lisilo na kinanda, wakifundishwa kwa herufi d, r, m, f, yaani do, re, mi, fa. Ndiyo, Baba, zilezile za daftari zako. Nilifungua kitabu chake cha nyimbo kutafuta pini iliyopotea nikakuta pembeni mwa noti ameandika kwa penseli d, s, m, kama wewe. Nilikaa chini. Nilidhani mambo haya yamebaki Bukavu.

Alifanya kazi ya umekanika kwenye gereji ya mabasi mpaka miaka ishirini na minane. Kampuni moja ya opera ya kuchekesha ilipita mjini kwao, mwimbaji wao akaugua, mtu akawaambia kuna fundi wa mabasi anayeimba. Alisimama jukwaani na mafuta ya injini chini ya kucha. Hakurudi gereji. Alizunguka Uingereza yote miaka mitano, halafu mwaka 1989 akaja Amerika kwa mkataba wa miezi sita. Huu ni msimu wake wa ishirini na sita na kampuni hii. Ameimba nafasi kumi na nne za vijana wanaopenda, anazijua zote kwa kichwa, hata maneno ya wenzake. Binti wa meya alisahau mstari wiki iliyopita, Bwana Askwith akamwimbia yeye kama anamtania, watazamaji wakafikiri ndivyo mchezo ulivyo.

Alhamisi ya theluji walikuja watu kumi na tisa, niliwahesabu kupitia tundu la pazia. Mkurugenzi wetu, Madame Kessler, alisema tupunguze, turuke nyimbo tatu, watu waende nyumbani. Bwana Askwith alikuwa anafunga viatu. Akasema, "Hawa kumi na tisa ndio waliotembea kwenye theluji," na akaimba zote, hata ile ngumu ya mwisho, na akairudia walipomwomba. Nilipochukua shati lake lilikuwa limelowa kama nimelitoa kwenye beseni. Nililia kidogo, Baba, si kwa huzuni.

Sasa kuhusu aibu. Shangazi Spés anafanya kazi kwenye nyumba ya wazee. Kila asubuhi anawaogesha wazee wa kizungu, anawavalisha suruali, anawafunga mkanda. Mwaka jana ulisimama kanisani ukamshukuru Mungu kwa kazi ya dada yako, watu wakapiga makofi. Niambie tofauti ni nini, nami nitaelewa.

Binti yako,
Chimène


Buffalo, New York
19 Machi 2015

Kwa Chimène binti yangu,

Salamu. Sisi ni wazima. Barafu kwenye mto imeanza kukatika, nikitoka kazini nasikia inavyogongana. Gracieuse amepata alama nzuri za hesabu. Goti la Spés likoje? Mwambie asilale na soksi zenye unyevu.

Kuhusu Spés umenifunga. Nimetafuta jibu siku tisa nikipanga masanduku na sikulipata. Ila kutokuwa na jibu si sawa na kukubali.

Mtu anayeandika d, r, m pembeni mwa noti si mhuni. Hilo nalisema wazi. Anayeimba kwa watu kumi na tisa kama anavyoimba kwa ukumbi uliojaa, huyo alifundishwa vizuri na aliyemfundisha alikuwa mkali. Nilikuwa na mmoja wa namna hiyo katika kwaya yangu kule Kadutu, Bukavu, fundi seremala, sauti ya tatu safi kama maji. Alikuwa akija mazoezini na vumbi la mbao kwenye nywele. Sijui yuko wapi leo, wala kama yuko.

Lakini nieleze hili. Mtu mwenye kipaji hicho, kwa nini miaka ishirini na sita kwenye basi? Kwa nini hayuko kwenye zile nyumba kubwa za opera za New York? Kuna kitu anaficha, au ni mlevi, au ni mgonjwa. Umeandika kwamba shati lililowa. Mwanamume wa miaka karibu sitini akilowa hivyo kwa nyimbo za kuchekesha, sauti yake inabebwa na nguvu, haibebwi tena na pumzi. Mwambie apumzike siku moja kamili bila kusema hata neno, anywe maji ya tangawizi ya uvuguvugu, si ya moto. Na aache kahawa.

Nimezungumza na mama mmoja wa kanisa letu. Nyumba ya wazee ya huku inatafuta watu. Rudi kabla ya Pasaka uanze, uishi nyumbani. Hapo Murhula atanyamaza, na mimi nitalala vizuri.

Baba yako


Columbus, Ohio
8 Aprili 2015

Kwa Baba mpendwa,

Pasaka njema, ingawa imepita. Mimi ni mzima wa mwili. Shangazi anasema asante kwa ushauri wa soksi, anasema tangu utotoni ulikuwa unampangia hata soksi. Gracieuse mpe hongera.

Sikurudi kabla ya Pasaka. Nisamehe. Nilikuahidi Aprili 25 na ahadi yangu iko palepale: utakuja, utaona, utaamua. Sitakimbia uamuzi wako, ila siwezi kuupokea kabla hujaona.

Uliyoandika kuhusu shati yalikuwa kweli, na nilikuchukia siku mbili kwa sababu yalikuwa kweli. Alhamisi hapa Columbus, katika wimbo wa mwisho, pale kapteni anapovua aproni ya mpishi na kujitaja jina, kuna noti moja ya juu ambayo watu wote wanaingoja. Ilikatika. Haikuwa kukwaruza, ilikatika kabisa, ukumbi ukasikia hewa tupu. Alimaliza mstari uliobaki kwa sauti ya chini, akainama, pazia likashuka. Nilimvua koti. Akaniambia, "Imekuwa ikiniaga tangu Krismasi, Chimène. Leo imeondoka tu."

Kesho yake Madame Kessler aliamua kwamba Bwana Pruitt, tenor wa pili, mtu wa miaka thelathini mwenye sauti nzuri na miguu mizito, achukue nafasi. Nilitegemea ugomvi, kwa sababu waimbaji wa humu wanagombania hata kioo. Badala yake Bwana Askwith alimwita Pruitt kwenye chumba cha kuvalia, akafunga mlango, mimi nikiwa kwenye kona na sindano. Siku tano sasa anampa kila kitu. Wapi pa kuiba pumzi wakati watazamaji wanacheka. Namna ya kumgeuzia binti wa meya bega ili sauti yake ndogo ifike nyuma. Kwamba mtu akichekesha asijue kwamba anachekesha, kapteni lazima awe na shida ya kweli. Mambo ya miaka ishirini na sita, anayatoa kama mtu anayehama nyumba na kukuachia vyombo. Pruitt alilia. Bwana Askwith akamwambia alie haraka, wana ukurasa wa arobaini.

Nilimuuliza swali lako la nyumba kubwa. Hakukasirika. Alisema aliitwa mara mbili, akaenda mara moja, akaimba vizuri, wakamtaka kwanza asimame nyuma na mkuki miaka mitatu akingoja nafasi. Akafikiria miji kama hii, ambako watu wanangoja mwaka mzima basi letu lifike, akarudi kwenye basi. Pombe hanywi. Kahawa ameacha tangu barua yako. Tangawizi anakunywa, anaikunjia uso, na siku ya kunyamaza aliifanya Jumatatu ya wiki iliyopita, akawa ananiandikia vikaratasi.

Ameomba kitu kimoja kwa Madame Kessler: Buffalo iwe yake. Mara ya mwisho, halafu Pruitt aendelee msimu ujao. Madame amekubali, kwa shingo upande. Noti ile hajui kama atakuwa nayo.

Ndani ya bahasha kuna tiketi yako. Jumamosi, saa nane mchana, mstari wa tatu, kiti cha pembeni. Mchezo ukiisha tunapakia lori na saa kumi na mbili basi linaondoka, kwa hiyo nyumbani sitafika. Tutaonana pale au hatutaonana.

Binti yako,
Chimène


Buffalo, New York
16 Aprili 2015

Kwa Chimène,

Salamu. Sisi ni wazima.

Barua yako nimeisoma mara nne. Msalimie Bwana Askwith, mwambie namheshimu.

Sitakuja. Murhula ana mpwa anayefagia pale ukumbini, kabla wiki haijaisha kanisa zima litajua niliketi nikitazama. Tiketi nimeirudisha kwenye bahasha, ipo juu ya kabati. Kazi ya nyumba ya wazee wamekuwekea mpaka Mei.

Baba yako


Louisville, Kentucky
28 Aprili 2015

Kwa Baba,

Salamu. Natumaini ulifika nyumbani salama na kwamba hawakukuumiza mkono.

Nilikuona. Nilikuwa nyuma ya pazia upande wa kushoto, nimeshika koti la kapteni, na pazia lilipofunguka nikaona ile suti yako ya kahawia kwenye mstari wa tatu. Nilichelewa kumfunga Bwana Askwith kola, akaniuliza kuna nini, nikamwambia, "Amekuja." Akasogeza kidogo pazia la pembeni kwa kidole, akachungulia.

Kila nguo uliyoiona ni mikono yangu, hata aproni. Nilikuwa nangoja uone lile badiliko la sekunde arobaini. Ulicheka, Baba. Aliporuka kutoka kwenye pipa amekuwa mpishi, watu wote walicheka na wewe ulicheka na kujipiga goti. Sijakuona ukicheka hivyo tangu tuko kambini.

Halafu ule wimbo wa mwisho. Nilikuwa nimefumba macho. Noti ile hakuijaribu kwa nguvu. Aliiweka ndogo, ndogo kabisa, kama mtu anayeimba ndani ya nyumba ambamo mtoto amelala, na haikukatika. Nilipofumbua macho ulikuwa umesimama.

Nilijua unachofanya kabla hujafika kwenye ngazi za jukwaa, nami ndiye pekee aliyejua ndani ya jengo lile. Kwetu Bukavu hakuna anayemwacha mwimbaji abebe peke yake. Akifika pale pagumu mtu huinuka, huenda mbele, humpangusa jasho. Lakini hapa, Baba, mtazamaji hapandi jukwaani. Mpiga violini alisimamisha mkono. Ulipita mbele ya binti wa meya, ukatoa kitambaa chako cheupe, ukakikunjua, ukampangusa Bwana Askwith paji la uso, halafu mashavu, halafu shingo, taratibu. Na yeye akainamisha kichwa ufikie vizuri. Nusu ya rangi nyeupe ya mchezo aliyopakwa usoni ikabaki kwenye kitambaa. Watu walifikiri ni sehemu ya mchezo, kisha wakaona si mchezo. Mlinzi akakushika mkono akakutoa. Bwana Askwith alingoja mpaka mlango umefungwa, akamwashiria mpiga piano kwa kichwa, akarudia ubeti wote. Alipigiwa makofi mpaka nikachoka kushika kamba ya pazia.

Nilikimbia nje na sindano mdomoni. Ulikuwa umeshaondoka.

Madame Kessler alituita sote. Akauliza ni nani anayemjua yule mtu. Ningeweza kunyamaza, hakuna aliyejua sura yako. Nilinyoosha mkono nikasema, "Ni baba yangu." Alisema mgeni akipanda jukwaani anaweza kuwa na kisu, kwamba bima ingefunga kampuni, na kwamba mfanyakazi asiyewaeleza watu wake taratibu hafai. Bwana Askwith alikuwa bado na uso nusu mweupe nusu wake. Akamwambia, "Nimeimba miaka thelathini na moja. Huyu ni mtu wa kwanza kuona kwamba nilikuwa nafanya kazi." Madame Kessler akasema atanijibu baada ya wiki mbili.

Sijui ulimwambia nini pale juu wala yeye alikujibu nini. Niliona midomo yenu ikisogea. Nilimuuliza kwenye basi, akakataa, akasema ni mambo ya wazee wawili. Yeye amemaliza. Atakaa Louisville kumfundisha Pruitt mpaka kiangazi, halafu atarudi Grimsby kwa dada yake.

Ahadi ni ahadi. Umeona. Niambie niache au nisiache. Huenda hutahitaji kusema, Madame Kessler atakusemea.

Binti yako,
Chimène


Buffalo, New York
5 Mei 2015

Kwa Chimène mwanangu,

Salamu nyingi, nyingi sana, wewe na Spés. Sisi ni wazima. Mkono wangu hauna kitu, mlinzi yule alikuwa mpole, alinifungulia na mlango. Nilitembea kwa miguu kutoka mjini mpaka nyumbani Riverside, zaidi ya saa mbili, sikuweza kupanda basi nikiwa na uso ule wa machozi. Mpwa wa Murhula alikuwa pale na ufagio, aliona yote. Jumapili Murhula alinifuata, nikamwambia kabla hajafungua mdomo, "Ndiyo, nilienda. Na weye ungeenda, ungelia." Hakuna aliyecheka, na hata wangecheka ningebaki na koti langu.

Sikupanga kuja. Asubuhi nilivaa suti nikijiambia kwamba naipima kama bado inanitosha.

Nataka ujue kwa nini niliinuka, usidhani uzee umenipanda kichwani. Nilimsikiliza tangu mwanzo kwa sikio la kazi. Pumzi yake ilikuwa inaisha. Aliificha kwa ustadi ambao sijawahi kuuona, kila pale palipotaka nguvu akaweka akili. Watu walicheka, na walicheka kwa haki, lakini mimi nilikuwa nahesabu naye. Alipofika kwenye ile noti nilijua hana kitu cha kuilipia. Akaiweka ndogo. Mwanangu, mtu anahitaji miaka thelathini ili aweze kuiweka ndogo namna ile bila kuiacha ianguke. Jasho lilikuwa linamwingia machoni na hakulifuta, maana kapteni hajifuti. Nikangoja mtu wake aende. Nikasema labda mke wake, labda mzee wa kanisa lake, labda mmoja wa wale wa violini. Nikatazama huku na huku. Watu wote wameketi na mikono kwenye mapaja. Sikuweza. Miguu ilikwenda yenyewe.

Nilimwambia, "Pole na kazi." Kwa Kiswahili, Kiingereza kilinikimbia. Naye akainama, akanijibu polepole, kila silabi mahali pake: "Asante, Mwalimu."

Tangu tutoke Bukavu hakuna aliyeniita hivyo. Kazini mimi ni B, herufi moja, kwa sababu jina langu ni refu kwao. Kanisani mimi ni Papa Chimène, na kwaya yao ina kinanda cha umeme. Nilifikiri lile jina limekufa pamoja na lile kanisa. Kumbe lilikuwa linatembea kwenye basi, Louisville, Columbus, mtu anafundishwa kulitamka na binti yangu akipiga pasi. Mimi nilikuwa nakukatalia hata simu, na wewe ulikuwa unawaambia watu hao mimi ni nani. Nimelia, nakuambia wazi, mbele ya Gracieuse, akaniletea maji na kwa mara ya kwanza mwaka huu akanisemesha Kiswahili.

Nimemwandikia Madame Kessler. Gracieuse aliandika Kiingereza, mimi nikasema maneno. Nimesema kosa ni langu, binti hakujua, nilikuwa nimemwandikia kwamba siji. Nimesema kwetu kumpangusa mwimbaji si dharau, lakini nyumba ni yake na sheria ni zake, na kama lazima mtu afukuzwe anifukuze mimi, nitakaa nje ya mlango kila atakapofika Buffalo. Gracieuse alisema barua za kazi haziandikwi hivyo. Nilimwambia aache kama ilivyo. Nimeeleza pia kwamba koti lile la kapteni ni kazi ya fundi, nilitazama mshono wa bega kwa karibu nilipokuwa pale juu, haukuwa na kasoro. Imeondoka kwa posta jana.

Mama wa nyumba ya wazee nimemwambia atafute mtu mwingine.

Kama Madame amekufukuza, njoo, chumba chako kipo, na tutatafuta teatre nyingine. Kama hajakufukuza, usirudi, Chimène. Baki na kazi yako.

Baba yako,
Mwalimu Bisimwa